Geti la Zegereni

Msimbu, Kisarawe
12 Machi 2023

Mdogo wangu Sixtus,

Salamu nyingi kutoka kwetu. Tunaendelea kwa kiasi chetu. Mvua imeanza, mihogo ya bondeni imesimama vizuri, ile ya juu nguruwe pori wameimaliza. Juliana, binti wa marehemu kaka yetu, amejifungua mtoto wa kike, na wamemwita Eugenia, jina la mama yetu. Paroko anakusalimu. Anauliza kama huko Kibaha hakuna Pasaka, maana mwaka wa tatu huu hatukuoni.

Mwanangu Dina wamemruhusu kutoka hospitali Jumanne. Mguu wa kulia wameukata chini ya goti. Wewe ulikuja siku mbili za mwanzo, mguu ukiwa bado kwenye bandeji, halafu hukurudi tena, ndiyo maana nakueleza.

Wakili ameniambia mambo haya niyaandike, na wewe unijibu kwa maandishi, kwa sababu maneno ya simu mtu huyakana kesho yake. Kwa hiyo usipige. Barua mpe Maneno, anapita hapo Maili Moja kila wiki na Canter yake ya mihogo.

Ninavyojua mimi ni hivi. Tarehe sita Februari wafanyakazi wa kiwanda chenu cha mabati hapo Zegereni waligoma kudai malipo ya saa za ziada. Mawe yakarushwa, vioo vya ofisi vikavunjwa, walinzi wakatoka na virungu. Watu waliokuwa ndani wakakimbilia geti, wakalisukuma, likaanguka kwa nje. Mwanangu alikuwa nje, anakusanya sufuria zake, maana anauza chakula hapo na wewe ndiye uliyemtafutia nafasi. Hakuwa mgomaji. Hakurusha hata kokoto. Geti la chuma likamlalia mguu mpaka watu kumi walipolinyanyua.

Kiwanda kinasema hakihusiki, wenye makosa ni waliofanya vurugu. Evodius, wakili wa msaada wa sheria anayekuja parokiani kila Alhamisi, anasema geti la kuteleza kwenye reli likiwa zima halianguki kwa kusukumwa na watu. Kama lilikuwa bovu, na wenye kiwanda walijua, basi wanapaswa kumlipa Dina fidia. Wewe ni msimamizi wa matengenezo pale, huu mwaka wa tisa. Lilikuwa bovu au halikuwa? Nijibu hilo kwanza, halafu ndiyo usalimie.

Dada yako,
Laurentia

Kibaha
2 Aprili 2023

Dada yangu mpendwa,

Shikamoo. Barua yako nimeipata, na habari za mtoto Eugenia zimetufurahisha sote hapa nyumbani. Sisi hatujambo, isipokuwa mama Tito presha inamsumbua. Tito yuko kidato cha tatu na anajitahidi. Nyumba tunayojenga kule mtaa wa Picha ya Ndege imefika kwenye linta, tunaomba Mungu atupe nguvu ya kupaua.

Ninamtumia Dina magongo mawili ya kutembelea, yametengenezwa na fundi mzuri, pamoja na hela kidogo ya dawa. Mwambie mjomba wake anamwombea.

Kuhusu yale uliyouliza, dada, mimi ni mtu mdogo pale. Polisi bado wanachunguza na si vizuri sisi kuwatangulia. Ninachoweza kusema ni kwamba uongozi umeguswa sana. Afisa utumishi wetu, bwana Hemedi, anataka kuja kumpa Dina pole, kibinadamu tu, na nitafuatana naye. Naomba mtupokee vizuri, kama mama alivyotulea.

Mdogo wako,
Sixtus

Msimbu
7 Mei 2023

Sixtus,

Marahaba. Magongo yalikuwa mafupi. Dina ni mrefu kama baba yake, ulisahau. Mwinshehe fundi seremala ameyaunga vipande na hakutaka malipo.

Wageni wako tuliwapokea kama mama alivyotulea. Mchele gunia moja, sukari, ndoo ya mafuta na bahasha. Nikawapa viti vya sebuleni, nikachinja jogoo. Nani anakataa pole? Hata adui yako akija kukupa pole unamkaribisha, kwa sababu siku ile amekuja kama mtu. Ukimfukuza, watu watakuona wewe ndiye mwenye roho mbaya. Bwana Hemedi akala, akanawa, akatoa karatasi, akasema ni ya kuonyesha ofisini kwamba vitu vimefika. Miwani yangu ilikuwa chumbani. Nikakuangalia wewe, na wewe ukasema, "Dada, saini tu, ni kama daftari la michango." Nikasaini.

Juzi Evodius amenisomea nakala yake. "Familia imepokea, imeridhika, na haitadai lolote sasa wala baadaye." Nilidhani ananitania. Nilimwomba asome tena.

Mungu ametusitiri kidogo. Dina ana miaka ishirini na nne na mguu ni wake, saini yangu haiwezi kumsemea mtu mzima. Lakini nakuuliza, Sixtus, ulijua karatasi ile imeandikwa nini? Wewe miwani yako ulikuwa umeivaa, na karatasi uliishika wewe kabla yangu.

Na lile swali langu la kwanza bado liko palepale.

Laurentia

Msimbu
20 Agosti 2023

Mdogo wangu,

Miezi mitatu. Maneno anasema ile ya Mei alikukabidhi mkononi. Amepita tena mara mbili kuulizia jibu; mara ya pili mkeo alitoka akasema umesafiri, na viatu vyako vilikuwa mlangoni. Maneno ni mtu wa mihogo, lakini si mjinga.

Kesi imefunguliwa hapo kwenu Kibaha. Dina anadai fidia ya mguu, matibabu, na riziki aliyopoteza. Kiwanda kimejibu kwamba geti lilikuwa zima na kwamba hakuna mtu aliyewahi kutoa taarifa ya ubovu wowote.

Gregori, yule kijana wa Dutumi aliyeleta barua ya posa Desemba, amemtuma mshenga kusema mambo yasogezwe mbele kidogo. Hakusema mbele mpaka lini. Dina alimwandalia chai akiwa amekaa kwenye kigoda, akamwambia amsalimie Gregori, kisha akachukua magongo akaingia ndani. Nikabaki mimi na mshenga. Kwetu mjomba ndiye anayemsemea mpwa wake mbele ya watu, si mama. Siku ile nani angemsemea mwanangu?

Nimeumia, Sixtus. Nakwambia wazi ili usije ukasema hukujua.

Laurentia

Kibaha
3 Septemba 2023

Dada,

Shikamoo. Habari ya Gregori imenisikitisha, mpe Dina pole.

Mimi sikukimbii. Ila wewe uko shambani kwako na hujui hali ya hapa. Baada ya vurugu zile walifukuzwa watu thelathini na mmoja, na wengine hawakuwa wamegoma, walionekana tu wanaongea kantini. Meneja alituita wasimamizi mmoja mmoja akatuuliza, "Wewe uko upande gani?" Nina mkopo wa benki, nina ada, nina mke anayekunywa dawa kila siku. Nina miaka hamsini na mmoja. Nikitolewa leo, ni kiwanda gani cha Zegereni kitanichukua?

Halafu tuseme ukweli, dada. Geti halikuanguka lenyewe, lilisukumwa na watu karibu mia tatu. Kama ni kudai, wadaiwe kwanza wale waliorusha mawe na kuanzisha fujo. Mbona wakili wako hawagusi hao? Au kwa sababu hawana kitu?

Kwa upande wangu kazi yangu niliifanya. Mtu akishawaandikia wakubwa wake mara moja, amemaliza. Wasiposoma ni juu yao. Naomba jambo hili tusilirudie tena.

Natuma sukari kilo tano.

Sixtus

Msimbu
17 Septemba 2023

Sixtus,

Sukari nimemrudishia Maneno. Tumeshakula sukari yenu ya kutosha.

Barua yako nimeisoma mara mbili peke yangu, na mara ya tatu nikiwa na Dina. Yeye ndiye aliyeweka kidole pale chini akasema, "Mama, mjomba aliandika."

Kumbe uliandika. Uliwaandikia wakubwa zako, na leo wanaiambia mahakama kwamba hakuna taarifa. Evodius anasema sentensi yako haitoshi kwa sababu haitaji geti. Ulijibana vizuri. Lakini mimi nakujua. Tangu uko darasa la nne, ukimwazima mwenzio kalamu unaandika tarehe. Ulipooa, orodha ya michango uliinakili kwa karatasi ya kaboni, na mpaka leo unajua ni nani aliyeahidi kuku akaleta mayai. Mtu wa namna hiyo haandiki kitu akabaki bila nakala.

Umeuliza habari za waliorusha mawe. Hao wadaiwe vioo. Mguu wa mwanangu haukukatwa na jiwe, umekatwa na geti, na geti lina mwenyewe.

Sikuombi fedha, wala sikuombi ugombane na mtu. Nakuomba usimame mbele ya hakimu kwa dakika kumi useme ulichoandika, Dina apate mguu wa bandia na kitu cha kuanzia maisha. Bila hivyo atakaa kwenye kigoda changu mpaka nife, na nikifa sijui atakaa kwa nani. Uchungu wa mwana aujuaye mzazi, najua, lakini mjomba naye alipaswa kusikia kidogo.

Laurentia

Kibaha
14 Januari 2024

Dada,

Shikamoo, na heri ya mwaka mpya. Samahani kwa kuchelewa kujibu, kazi zilikuwa nyingi mwisho wa mwaka. Mama Tito anaendelea vizuri kidogo.

Nimepata hati ya kuitwa mahakamani tarehe 20 Februari. Nimeitwa na upande wa kiwanda. Naomba sana siku hiyo wewe na Dina mbaki nyumbani, wakili atawawakilisha, hakuna haja ya kumchosha mtoto na safari. Ni kwa heri ya wote.

Utasikia kwa watu kwamba nimepewa kukaimu umeneja wa matengenezo. Usidhani mambo hayo yanahusiana.

Sixtus

Msimbu
22 Februari 2024

Sixtus,

Tulikuja. Ulituona ulipoingia, ukageuka ukajifanya unatafuta kitambaa mfukoni.

Ulishika Biblia. Evodius akakuuliza, "Kabla ya tarehe sita Februari geti lile lilikuwa na tatizo lolote?" Ukasema, "Hapana." Akakuuliza, "Kuna mahali popote ulipoandika kwamba lina tatizo?" Ukasema, "Hapana." Hukukohoa hata. Nilikuwa nakuangalia koo, maana ulipokuwa mdogo ukidanganya koo lilikuwa linacheza, ndivyo mama alivyokuwa anakukamata. Siku hizi halichezi.

Halafu hakimu mwenyewe akakuuliza kama unamfahamu mdai. "Namfahamu, alikuwa akiuza chakula getini." Alikuwa akiuza chakula getini! Mtoto ambaye jina la Dina ulimchagulia wewe, aliyelala kwako miaka miwili! Kusema "ni mpwa wangu" kungekupunguzia nini? Nimejiuliza njia nzima na bado najiuliza.

Dina hakulia. Tulipotoka nje aliniuliza tu kama nauli ya kurudi ipo. Mimi ndiye niliyelia, pale kwenye ngazi za mahakama, mpaka mama mmoja nisiyemjua akaja kunishika bega akidhani nimefiwa. Sikumkatalia.

Usijibu barua hii.

Laurentia

Kibaha
19 Mei 2024

Dada Laurentia,

Shikamoo, hata kama hutaitikia.

Nimesikia hukumu ya tarehe sita. Nimesikia hakimu amesema haikuthibitishwa kwamba kiwanda kilijua ubovu wa geti, na kwamba Dina aliumia kwa matendo ya watu wenye vurugu. Nimekaa na habari hiyo wiki mbili.

Mimi nimeachishwa kazi tangu Aprili. Wameleta kampuni ya nje kufanya matengenezo. Barua yenyewe ilikuwa na mistari minne. Bwana Hemedi alinisindikiza mpaka nje, akanipa mkono, akaniambia pole.

Kwenye mfuko alionao Maneno kuna kitabu. Ulisema kweli, dada. Kila tatizo tulikuwa tunaliandika kwa kaboni, karatasi tatu. Nyeupe inakwenda kwa meneja, ya njano stoo, ya waridi inabaki kitabuni. Ile nyeupe na ya njano zilichomwa wiki ileile geti lilipoanguka. Wakaniagiza nikachome na kitabu. Nikawaambia nimechoma. Nilikitoa pale chini ya shati, nikakiweka nyumbani ndani ya begi la nguo.

Fungua ukurasa wa arobaini na tatu. Tarehe 11 Novemba 2022. "Roli za juu zinazoshikilia geti kuu kwenye reli zimekatika zote mbili. Tumelifunga kwa waya. Linaweza kuangukia watu. Naomba vifaa haraka." Saini ya meneja ya kupokea iko chini, inasomeka.

Siku naapa mahakamani kitabu kilikuwa kwangu tayari mwaka mzima. Sina utetezi. Niliogopa, dada. Nilijiambia nitakitoa baadaye, mambo yakishapoa.

Wakili akitumie. Ombi langu ni moja tu, aseme kimeokotwa, au kimeletwa na mtu asiyejulikana. Jina langu likitajwa ni jela, nimesema uongo chini ya kiapo. Tito anafanya mtihani wa kidato cha nne Novemba hii. Mama yake hawezi peke yake. Mimi ni mdogo wako, tumbo moja.

Sixtus

Msimbu
30 Mei 2024

Mdogo wangu Sixtus,

Marahaba. Nimeitikia kwa sababu sijafundishwa kutoitikia. Huku tunaendelea. Mvua zimekatika, tumeanza kuvuna mpunga. Mtoto Eugenia ameanza kutembea mwezi huu, anashikilia magongo ya Dina, na mara mbili wameanguka wote wakacheka.

Kitabu nimekipata. Nimelala nacho siku nne kabla ya kumwonyesha mtu, halafu nikampelekea Evodius. Alisoma ukurasa ule, akavua miwani, akaniambia hiki ndicho tulichokitafuta mwaka mzima. Anaweza kuiomba mahakama ipitie upya hukumu yake, lakini siku ni thelathini tu na zinaisha Jumatano ijayo. Kuhusu ombi lako anasema haiwezekani. Kitabu hakijileti mahakamani chenyewe. Lazima aandike kwa kiapo kimetoka wapi, kilikuwa kwa nani, na kwa nini hakikuonekana mapema. Tukisema kimeokotwa, kiwanda kitasema tumekiandika wenyewe, na kesi itakufa mara ya pili.

Nikarudi nyumbani nikamweleza Dina. Akasema, "Mama, huyo ni mdogo wako, mimi sitasema kitu. Amua wewe." Kwa hiyo ameniachia mimi. Nilikubeba mgongoni miaka miwili, mama akiwa shambani. Ulipougua surua nilikupeleka zahanati kwa miguu, na nilikuwa na miaka tisa. Hayo yote nimeyapima, usidhani sikuyapima.

Nilikuwa karibu kumwambia Evodius aache. Ila nikarudi tena kwenye ukurasa ule nikaangalia tarehe. Novemba kumi na moja. Geti limeanguka Februari sita. Karibu miezi mitatu geti lilishikiliwa na waya, na aliyejua ni wewe, na kila mchana ulitoka kwenda kula wali wa Dina upande wa pili wa geti hilohilo. Wakubwa uliwaandikia kwa karatasi tatu. Yeye hukumwambia hata kwa mdomo, "Mwanangu, sogeza jiko lako mbele kidogo." Kwa hilo usingefukuzwa kazi. Wala asingejua mtu. Hukuona tu kwamba na yeye ni wa kuambiwa.

Kiwanda nakichukia, lakini kiwanda si ndugu yangu.

Leo nimemkabidhi Evodius kitabu, na barua zako zote nne. Aliniuliza mara mbili kama naelewa maana yake kwako. Naelewa. Anavipeleka mahakamani Jumatatu. Maneno atakufikia kesho, kwa hiyo una Ijumaa, Jumamosi na Jumapili. Evodius anasema ukienda mwenyewe kabla yake, ukasema ulichofanya kwa mdomo wako, huenda ukaonewa huruma. Tito akikosa ada ya mtihani, Maneno amlete huku, hana kosa lolote na chakula kipo.

Wewe nenda kaombe huruma huko kwa hakimu. Mimi ya kwangu nimeitafuta siku nne, sikuiona.

Dada yako,
Laurentia